Kesi ya jinai imefutwa, sasa naruhusiwa kuvuna mipaina ya marehemu baba?

BARUA

Shikamoo Mama Karani, na wote mnaosoma hapa kamwene. Mimi ni dada wa miaka 34, nipo Mafinga mjini nina kibanda cha vifaa vya simu ila ishu yenyewe iko kijijini, naomba usome yote maana ni ndefu na mimi kuandika siyo fani yangu.

Baba yetu alinunua ekari tano mwaka 2006 kwa mzee mmoja wa pale kijijini. Karatasi ya mauziano ni ile ya daftari, imeandikwa kwa biki, kuna dole gumba la muuzaji, sahihi ya mwenyekiti wa kitongoji wa wakati huo na mashahidi wawili, na shahidi mmoja ni baba mdogo mwenyewe!! 2008 baba akapanda mipaina yote. 2019 akafariki. Mirathi hatujafungua mpaka leo, tulikuwa tunasema shamba si lipo tu haliendi popote. Mama yupo kijijini anasumbuliwa na presha.

Mwaka jana nikapata mteja wa mbao wa Makambako, tukaelewana bei, nikamleta fundi wa chenso tukaanza kuangusha upande wa juu karibu na kinga moto, ule ukanda unaoachwa wazi kuzuia moto usiingie shambani. Hata mchana haujafika baba mdogo kaja na polisi, mimi na yule fundi tukabebwa, chenso ikabebwa, nikalala lokapu usiku huo kesho yake ndo nikadhaminiwa. Anachosema baba mdogo ni kwamba hela ya kununulia lile shamba ilitoka kwenye ng'ombe wa ukoo kwahiyo shamba ni la ukoo, alafu eti hicho kipande cha kinga moto ni chake kabisa alipewa na babu. Tukafunguliwa kesi Mahakama ya Mwanzo, kosa la kwanza kuingia kwa jinai la pili kuharibu mali. Nenda rudi nenda rudi, kibanda nafunga, wateja wanahama.

Mwezi uliopita hakimu kasoma uamuzi, akasema huu ni mgogoro wa umiliki, yeye kwenye kesi ya jinai hawezi kuamua shamba ni la nani, waende kwenye vyombo vya ardhi. Tukaachiwa mimi na fundi. Nililia pale nje mama, nilijua yameisha.

Sasa hayajaisha. Kaka yangu anasema tumeshinda turudi tukavune kabla mteja hajahama. Baba mdogo anatangaza kwenye vilabu kwamba atafungua nyingine na safari hii sitoki. Mwenzangu mmoja kaniambia na mimi nimshtaki yeye kwa uvamizi maana juzi kaonekana mle ndani anafyeka, mwingine anasema nidai fidia ya kuchafuliwa jina. Magogo tuliyoangusha bado yamelala palepale. Chenso ya watu iko kituoni na fundi kila siku ananipigia. Alafu mwezi ujao binti wa baba mdogo anaolewa na kadi ya mwaliko nimeletewa, niende nisiende?

Mwenye Mipaina, Mafinga

MAJIBU

Marahaba mwanangu, kamwene. Pole na lokapu, baridi ya Mafinga ukiwa chini kwenye simenti naijua, siwezi kumtakia mtu.

Naanza na jibu la kaka yako maana najua anachungulia hapo begani kwako: hapana, msikate hata mti mmoja. Uamuzi ule umekutoa wewe kwenye kufungwa, basi. Shamba haujakupa na baba mdogo naye haujampa, kisheria lile shamba liko vilevile lilivyokuwa asubuhi ile kabla polisi hawajafika. Mkirudi na chenso leo mnamtengenezea baba mdogo kesi mpya na safari hii anaweza kusema mlijua kabisa kuna mgogoro, mahakama imewaambia pa kwenda, na bado mkaingia.

Nieleze hakimu kafanya nini maana wengi wanaondoka pale mlangoni hawajaelewa, mlalamikaji anadhani hakimu kala hela na mshtakiwa anadhani kapewa shamba. Kuingia kwa jinai kuko kifungu cha 299 cha Kanuni ya Adhabu, Sura ya 16, kwa toleo la 2022. Ili mtu akutwe na hatia lazima ithibitike ameingia isivyo halali kwenye mali iliyo mikononi mwa mtu mwingine, NA aliingia kwa nia ya kutenda kosa au kumtisha, kumtukana au kumuudhi yule mwenye nayo. Kwahiyo swali la kwanza kabisa ni hilo la mali iko kwa nani, na kama swali hilo ndilo mnalogombania basi kesi imeshakwama mlangoni. Halafu kuna kifungu cha 9 humohumo ambacho watu wengi hawakijui, kinasema mtu hawajibiki kijinai kwenye makosa ya mali kama alichofanya alikifanya kwa kudai haki yake kwa uaminifu bila nia ya kulaghai. Wewe uliingia shambani kwa baba yako na karatasi unayo. Fundi wa chenso ndo kabisa, yeye kaitwa kazini.

Nimekaa kwenye chumba cha mahakama miaka mingi naandika na kupanga mafaili, hizi kesi nazijua zinavyokufa. Mlalamikaji anapanda, anaapa, anaanza vizuri tu, "nilimkuta shambani kwangu". Hakimu anamuuliza swali moja la upole, shamba hili wewe ulilipataje? Hapo ndo safari inaanza, tunarudi kwa babu, tunarudi kwa ng'ombe watatu wa mahari, tunaingia kwenye mto uliohama njia, shahidi wa pili anakuja na babu mwingine kabisa. Unamuona hakimu anaweka kalamu chini. Kesi aliyopewa ni ya mtu kufungwa au kutofungwa, na anatakiwa aamue bila shaka yoyote ya maana, wakati kilicho mbele yake ni ramani ya ukoo. Hata angetaka kusema shamba ni la fulani, hukumu ya jinai haina sehemu ya kuandika hivyo. Inaishia una hatia au huna.

Na hakimu wako hajajitungia. Mahakama Kuu imelisema hili toka zamani, mwaka 1968 iko hukumu kwenye HCD, yaani kitabu cha muhtasari wa hukumu za Mahakama Kuu, namba 158 kwamba kwenye kesi ya kuingia kwa jinai ukizuka ubishi wa nani mwenye ardhi, mahakama isiendelee na shtaka, imshauri mlalamikaji afungue madai. TLR, yaani vitabu vya hukumu za Tanzania, ya 1991 ukurasa wa 100 inasema ni makosa kumtia mtu hatiani kwa kosa hilo wakati watu wanagombea mpaka wa maeneo yanayopakana, na hapo ndo kwenye kile kipande chenu cha kinga moto. TLR ya 1992 ukurasa wa 110 nayo inatajwa sana, kwamba mahakama ya jinai siyo mahali pa kuamua umiliki wa ardhi. Ukiingia TanzLII, tovuti ya sheria na hukumu za Tanzania, kwenye simu bure bila hata kujisajili utakuta hukumu kibao za miaka ya karibuni zinazirudia hizo, zikiwemo za Iringa na Mbeya.

Ila kabla hujawa na kichwa kikubwa, siyo kila anayepiga kelele "shamba langu" anapona. Mwizi wa mahindi naye anaweza kusema hivyo. Lazima dai liwe na miguu, karatasi, urithi, mpaka unaoeleweka, matumizi ya miaka. Na kama baraza lilishaamua nani mwenyewe halafu aliyeshindwa akaingia, hapo kifungu cha 299 kinauma vizuri tu. Kughushi karatasi ya mauziano ni jinai hata kama ugomvi ni wa ardhi, kumpiga mtu panga juu ya mpaka ni jinai, kuvunja nyumba anayolala mtu usitegemee utasema ni mgogoro wa madai ukaachiwa. Na kuharibu mali, kifungu cha 326, adhabu yake inafika miaka saba, siyo mchezo. Kwako ilianguka kwa sababu haikujulikana miti ni ya nani, ila mtu akikata mazao ambayo anajua kabisa kapanda mwenzake, hata kama ardhi anaidai, anajiweka pabaya sana.

Kwahiyo hilo la kumshtaki baba mdogo kwa uvamizi sahau. Hakimu atakuuliza swali lilelile alilomuuliza yeye na utapata jibu lilelile alilopata yeye.

Na vitisho vyake? Hapo inategemea karatasi. Jumatatu nenda mahakamani ukaombe nakala ya uamuzi iliyogongwa muhuri, usitegemee ulichosikia ukiwa unalia. Soma mstari wa mwisho kabisa. Kama umeachiwa huru, kwa maana mahakama imekuona huna hatia, hawezi kukurudisha kwa kosa lilelile la siku ileile, anachoweza ni kukata rufaa Mahakama ya Wilaya ndani ya siku 30, na mlalamikaji wa Mahakama ya Mwanzo haki hiyo anayo. Wewe umesema ni mwezi uliopita, hesabu vizuri, muda wake unaisha au umeshaisha, na akichelewa anaweza kuomba kuongezewa muda ila lazima awe na sababu. Lakini kama shtaka limeondolewa tu na nyie mkaachiwa bila kutamkwa kwamba hamna hatia, huo mlango bado una upenyo, shtaka linaweza kurudi. Wengi hawaangalii hapa, wanakuja kushtuka wito ukifika.

Sasa nije kwenye kinachonisumbua kwenye barua yako, na siyo polisi wala baba mdogo. MIRATHI HAMJAFUNGUA. Toka 2019! Shamba kwa karatasi ni la marehemu, na mali ya marehemu anayeishtakia au kushtakiwa nayo ni msimamizi wa mirathi, siyo mtoto mkubwa, siyo mtoto mwenye uchungu zaidi, siyo aliyepata mteja wa Makambako. Ukienda baraza la ardhi kwa jina lako kudai shamba la baba, wakili wa baba mdogo atasimama dakika mbili tu aulize wewe kama nani, na shauri litatupwa, mtaanza upya na miti inazeeka. Nimeona mafaili ya namna hii watu wamefika mpaka Mahakama Kuu, miaka imeenda, yanafutwa kwa kitu hicho hicho.

Mnaanzia Mahakama ya Mwanzo ya eneo alilokuwa anaishi marehemu, mna cheti cha kifo, mna barua ya mtendaji, na muhtasari wa kikao cha familia wataulizia. Baba mdogo anaweza kugoma kukaa kikao au kugoma kusaini, sawa, kugoma kwake hakuwafungii mlango, kama ana neno aweke pingamizi mahakamani asikilizwe kama mtu mwingine.

Na msimamizi mimi ningemfikiria mama yenu. Barua nzima umemtaja mstari mmoja na umemtajia presha tu! Yule mama 2006 alikuwepo, 2008 alipanda mipaina na mume wake, anajua kama kulikuwa na ng'ombe wa ukoo waliouzwa au hakukuwa na ng'ombe wowote, anajua kinga moto ililimwa na nani mwaka wa kwanza. Kama afya haimruhusu kuhangaika na mahakama awe mmoja wenu, ila akae na mtu amuandikie anachokumbuka wakati bado anakumbuka. Mkae naye taratibu, msimjaze maneno.

Msimamizi akishapatikana ndo mnaenda kwenye ardhi yenyewe. Mnaweza kuanza na baraza la ardhi la kijiji kama wazee wa pale wana busara, vinginevyo nendeni Baraza la Kata. Tangu mabadiliko ya sheria ya 2021 Baraza la Kata haliamui tena nani mwenye ardhi, linasuluhisha tu, na lina siku 30. Mkishindwana mnachukua hati ya kuonyesha usuluhishi umeshindikana, siku 30 zikipita bila suluhu pia mnaruhusiwa kuendelea, hapo mnaingia Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya. Usidharau kata lakini. Kwenye ugomvi wa ndugu kama huu mara nyingi kinachogombaniwa kweli ni kile kipande, mita chache za kinga moto, hayo ya ng'ombe wa ukoo yanaletwa kuongezea uzito. Mkipima mpaka mbele ya wazee mkaafikiana, mnaweza kuwa mmemaliza kwa bei ya soda.

Ikifika wilayani eleza shamba liko wapi, ukubwa, na kila upande linapakana na nani, usiandike "shamba la baba lililopo kijijini" ukadhani wanalijua. Pamoja na shauri omba zuio la muda ili mtu yeyote asikate wala kufyeka mpaka iamuliwe, na zuio hilo litakubana na wewe pia, usije kulalamika. Ombeni baraza lije lione eneo. Kwenye mipaka kutembea kunasema zaidi ya mashahidi kumi, wakiona mipaina ya umri mmoja, mistari imenyooka mpaka kwenye kinga moto na kuipita, watajiuliza wenyewe kwanini marehemu apande kwenye eneo la mtu na mwenye eneo anyamaze miaka yote hiyo.

Ile karatasi ya daftari SASA HIVI piga picha, toa kopi, halisi ilaze mahali pakavu, usimpe kaka yako aitembeze. Baba mdogo kusaini kama shahidi ni kitu kizito sana kwenu. Atasema alisaini kwa niaba ya ukoo, sawa aseme, ila atalazimika kueleza kwanini karatasi haina neno ukoo popote na kwanini alikaa kimya mpaka mwenye kujibu kafa. Mtafuteni na yule shahidi wa pili, na mwenyekiti wa zamani kama yupo hai.

Fidia ya kuchafuliwa jina kwa kufunguliwa kesi bure inadaiwa kwa shauri la kushtakiwa kwa nia mbaya. Unatakiwa uonyeshe yeye ndiye aliyekushtaki, kesi iliisha kwa upande wako, hakuwa na sababu ya maana, alikuwa na chuki, na umepata hasara. Mimi naona kwenye sababu ya maana utakwama, kwa sababu hakimu mwenyewe kasema kuna mgogoro wa kweli, ikiwa na maana hata yeye baba mdogo alikuwa na kitu anachokiamini. Tunza hela ya wakili kwa ajili ya ardhi. Na kama wakili ni mzigo, ulizia wasaidizi wa kisheria pale halmashauri, sheria ya msaada wa kisheria ipo toka 2017 na msaada huo ni bure, anayekuomba "ya karatasi" mpite.

Magogo: mpaina ukilala chini unaingia ubluu na mteja anakata bei, nalijua hilo. Ombeni kwenye kata au kwenye baraza yauzwe kwa makubaliano na hela ikae mahali pande zote mnapajua mpaka mwisho. Usiyauze kimyakimya, na mtendaji wala TFS, wakala wa misitu, hawatakupa karatasi za kusafirisha mzigo wenye ugomvi, ukipita njia za panya unatafuta kesi nyingine isiyo na uhusiano na baba mdogo kabisa.

Chenso ni rahisi kuliko vyote. Kesi imeisha, kielelezo hakina kazi tena kituoni. Soma kwenye uamuzi kama hakimu ametoa amri kuhusu vielelezo, kama hakutaja andika barua ya kuomba amri ya kurudishiwa, fundi aende nayo na risiti yake ya kununulia. Mwambie aende yeye mwenyewe maana mali ni yake, na wewe mlipe kibarua chake cha siku ile, alilala ndani kwa sababu yako.

Harusi nenda. Binti anayeolewa ni dada yako na hajakushtaki popote. Mpe baba mdogo shikamoo yake kama kawaida, kula pilau, toa zawadi, cheza mziki ukipigwa. Ya shamba usiyaongee pale hata wakikuanzishia, waambie tutakutana kata. Na mjomba yeyote akikuvuta pembeni saa nne usiku na karatasi ya "kumaliza mambo kifamilia" usaini haraharaka kabla maharusi hawajaondoka, mwambie aipige picha akutumie WhatsApp, utaisoma kesho ukiwa na mama.